Nani Aliyeomba Haraka

Mjukuu wangu alianza kunipa habari hiyo kabla hajashuka vizuri kwenye pikipiki. Nilikuwa uani kwetu Mlabani, hapa Ifakara, napepeta mchele.

"Bibi, kesi yako imerudi! Mahakama ya juu imesema isikilizwe upya na iishe haraka."

Sikuweka ungo chini. Nilimuuliza kitu kimoja tu: hiyo haraka, nani kaiomba?

"Hakuna aliyeomba. Jaji mwenyewe ameona kesi imekaa mno."

"Jaji ananijua?"

"Hakujui, Bibi."

"Basi ana haraka gani na mimi?"

Akacheka, akakaa kwenye kigoda, akanisomea ile karatasi. Mimi kusoma najua, niliishia darasa la nne. Lakini karatasi za mahakama naziacha kwa mjukuu, maana unaweza kusoma moja kutoka juu mpaka chini usikutane na mtu hata mmoja anayefanya kitu. Kila kitu kimefanywa, aliyekifanya haonekani. Hata haraka hii ilikuwa hivyo hivyo. Imeamriwa. Na mimi jambo lisilo na mwenyewe huwa naliogopa.

Niseme mapema kwamba watu wote wa kesi hii nawajua kwa majina, wao na baba zao, na wengine mpaka majina ya utani waliyoitwa shambani. Humu sitataja hata moja. Nimejifunza barazani kwamba jina likishaandikwa, mwenye jina huitwa, na akiitwa huanza kusema mambo.

Kesi yenyewe ilikuwa kati yangu na wifi yangu, dada wa marehemu mume wangu. Tuligombea shamba la mpunga kule bondeni, upande wa Namawala, mahali ambapo maji ya masika yanapanda taratibu na kuondoka taratibu. Nililima pale tangu nikiwa mwali. Watoto wangu wote wamekula wali wa pale. Mume wangu alipofariki, arobaini ikapita, wifi akaenda baraza la ardhi kusema shamba lote ni la baba yao na mimi ni mgeni niliyekaribishwa. Mgeni mwenye wajukuu!

Baraza lilituchukua miaka. Tulikuwa tukienda, karani anasoma namba ya kesi, mwenyekiti hayupo, au wakili wa wifi ana udhuru, au mmoja wa wazee wa baraza amefiwa, tunapewa tarehe nyingine. Mwishowe nikashinda. Wifi akakata rufaa. Nilidhani atasema nilidanganya, lakini wakili wake hakuugusa hata ushahidi wangu. Alisema kwamba wale wazee wanaokaa na mwenyekiti walitoa maoni yao bila kusomwa mbele yetu. Mahakama ya juu ikakubali. Ikafuta yote. Kila nililosema nikiwa nimesimama na goti linaniuma, likawa kama halikusemwa. Jalada lirudi chini, kwa mwenyekiti mwingine, wazee wengine, lisikilizwe upya. Na kwa haraka.

Miaka yote hiyo kulikuwa na zuio. Mimi nisiguse shamba na wifi asiguse. Nilikuwa nalima kipande cha kuazima mbali na pale, na nikipita njiani naliona shamba langu limeota matete marefu kuliko mtu, ndago chini, nguruwe pori wanazaliana humo. Uzee wangu nilikuwa naupimia hapo. Kila mwaka matete yanazidi kuwa manene na mkono wangu unazidi kuwa mwembamba. Nilichotaka ni kupanda mle mara nyingine miguu ikiwa bado inanikubalia. Kingine sikuwa nacho.

Sasa ungetarajia nishangilie. Lakini nilikuwa nimeshauzoea mwendo wa konokono. Kesi ikienda polepole unajua kuna mtu amelala. Ikianza kukimbia, kuna mtu yuko nyuma anaisukuma. Na habari zilikuwa zinatembea mjini kwamba kuna watu wanapita bondeni na kamba za kupimia, wanauliza mashamba. Mjukuu wangu alizisikia saluni anakofanya kazi. Mimi nilizisikia kwa muuza nazi, Mwislamu mmoja wa asili ya pwani ambaye duka lake liko njia panda na hakuna linalompita. Aliniambia amemwona mtoto wa wifi akinywa soda na mgeni mwenye viatu vya kung'aa.

"Viatu vya kung'aa vumbi lote hili?" nilimuuliza.

"Ndiyo maana nimemtazama, mama."

Basi nikajua. Wifi anataka kesi iishe kabla ya mvua, apewe, auze. Haraka ni yake.

Siku ya kwanza ya baraza nilitoka asubuhi, nikapitia sokoni nikanunua perege, wabichi, wazuri, nikawafunga kwenye majani nikaweka kikapuni. Ndivyo nilivyozoea. Siku ya baraza ilikuwa pia siku ya soko: unakwenda, unaitwa jina, unapewa tarehe, jua halijawa kali uko nyumbani unaparua samaki. Miaka yote hiyo perege wangu hawakuwahi kuniharibikia barazani.

Wifi nilimkuta ameshafika, amekaa kwenye benchi la nje, lile moja lililo na kivuli. Yeye ni mkubwa kwangu. Kesi ni kesi, lakini salamu haina zuio.

"Shikamoo, wifi."

"Marahaba. Naona leo umevaa viatu vya ushindi."

"Vya mjukuu hivi. Vyangu vimeisha kwa kuja hapa kwa ajili yako."

"Na hii haraka ni ya nani? Nayo ya mjukuu?"

Nikamgeukia. Lilikuwa swali langu, na sasa lilikuwa kinywani mwake.

"Unaniuliza mimi? Si wewe uliyekata rufaa?"

"Nilikata rufaa nipewe shamba la baba yangu. Sikumwomba mtu anikimbize. Mimi nikimbie kwenda wapi na miguu hii?" Akaninyooshea miguu yake, imevimba kwelikweli. "Mwanangu ameniambia una mjukuu anajua mambo ya kompyuta. Nikasema, aa, basi ameingia huko kwenye kompyuta akaisukuma kesi."

"Mjukuu wangu anatengeneza nywele, wifi."

"Saluni ndiko serikali inakokaa siku hizi."

Sikumwamini. Nilijua anazuga. Mtu mwenye haraka ndiye wa kwanza kumwuliza mwenzake mbona anakimbia.

Mwenyekiti mpya alikuwa mwanamke, mwembamba, miwani, umri wa binti yangu wa mwisho. Hakukohoa, hakunywa chai, hakumtuma mtu. Wakili wa wifi alisimama akaomba tarehe nyingine kwa sababu hajajiandaa. Mwenyekiti akamwambia mahakama ya juu imeagiza kesi hii isikilizwe mfululizo, na kama yeye hajajiandaa, mteja wake yupo na anajua kusema. Wakili akakaa. Nikashtuka. Kama haraka ni ya wifi, mbona wakili wake anaomba kuchelewa? Halafu nikajijibu: wanaigiza, ili nisijue.

Tukaanza. Wifi akasema yake, wakili akauliza yake, mimi nikasimama nikasema yangu. Mwenyekiti akaniambia nitaje majirani wa shamba, kaskazini, kusini, mashariki na magharibi. Nikamwambia mheshimiwa, kule hatuna hizo. Tuna upande wa mlimani, upande wa mtoni, upande maji yanakotoka na upande yanakokwenda. Akasema haya, taja hivyo. Nikawataja. Nikataja waliopo, nikataja waliokuwepo kabla yao, nikataja yule Msukuma aliyekuja na ng'ombe akalima mwaka mmoja pembeni akahama, na wake zake, na mtoto wake aliyezaliwa pale msimu wa mavuno. Karani akaanza kupunga mkono wake hewani kuunyoosha.

"Mama, inatosha," mwenyekiti akasema.

"Safari iliyopita nilitaja, yakafutwa yote. Nataka safari hii yabaki."

Jua lilikuwa limeshapinduka. Chumba kina bati, hakina dari. Nikaanza kuona mzee mmoja wa baraza anavuta shati lake analisogeza puani. Kisha mwenzake. Karani akachungulia chini ya meza. Mwenyekiti akavua miwani.

"Kuna mtu humu ana samaki?"

Mimi nikatazama ukutani.

"Mheshimiwa," wifi akasema kutoka kwenye kiti chake, taratibu kama anatoa ushahidi, "huyo ni wifi yangu. Amezoea kesi fupi."

Watu wakacheka mpaka askari wa mlangoni. Mwenyekiti naye nilimwona midomo inamcheza. Nikatoa kikapu nje nikakining'iniza kwenye mti, nikarudi, tukaendelea. Wale perege waliliwa na paka wa ofisi. Usiku ule nililala na dagaa na hasira, na jambo moja lilinikera kuliko samaki: kikapu cha wifi chini ya kiti chake kilikuwa kitupu. Alijuaje kwamba leo kesi itakuwa ndefu?

Alibaki shahidi mmoja aliyekuwa na maana. Wengine wote walikwisha kufa, wa kwangu na wa kwake. Huyu ni mzee anayeishi Namawala, ambaye ujanani alikuwa akiajiriwa kukata matete watu wanapofungua mashamba mapya. Ndiye aliyelikata lile shamba mara ya kwanza kabisa. Safari ya kwanza hakuitwa, alikuwa kwa mtoto wake huko mbali. Sasa alikuwa amerudi, na mwenyekiti akasema baraza litakwenda shambani kwenyewe, huyo mzee aletwe hapo, aseme akiwa amesimama juu ya ardhi inayogombewa.

Nikaona si vibaya kwenda kumjulia hali mzee wa watu kabla ya siku yenyewe. Sikwenda kumfundisha la kusema. Nilikwenda kuona kama kuna mwingine anamfundisha. Nikapanda bajaji na sukari yangu. Nafika, mlangoni kuna ndala. Nazijua zile ndala, zimekatwa kisigino ili mguu uliovimba uingie.

"Hodi," nikaita.

"Karibu, ingia tu," mzee akajibu. "Leo nina wageni kama nimefiwa."

Wifi alikuwa amekaa mkekani. Mbele yake pakti ya sukari. Nikaiweka yangu pembeni ya yake. Mzee akazitazama zote mbili kwa muda.

"Mnanionaje ninyi? Sisimizi?"

"Nilikuja kukujulia hali, babu," wifi akasema.

"Mimi vilevile," nikasema.

"Hali yangu mmeiona. Miaka yote mlikuwa hapo Ifakara na hali yangu ilikuwa hapa hapa, hakuna aliyeifuata." Akajiinua kwa fimbo. "La kusema nitalisema siku hiyo, mkiwa wote wawili mnasikia. Sukari acheni."

Tukatoka pamoja. Bajaji ilikuwa ni ile moja niliyokuja nayo. Tukapanda wote, kila mtu anatazama upande wake, njia nzima mpaka mjini. Kijana wa bajaji alituuliza kama tumetoka msibani.

Siku ya kwenda shambani, mwenyekiti na karani na wazee wa baraza walikwenda na gari lao. Sisi tukakatazwa kupanda, na nilifurahi, maana ningeona wifi ameinua mguu kwenye lile gari ningepiga kelele mpaka Sanje wasikie. Tulitembea kutoka barabarani. Vijana walikuwa wamefyeka njia kwenye matete. Ardhi ilikuwa imekauka, imepasuka, ila nilipokanyaga pale nilijua niko wapi. Hapa palikuwa na jaruba lililokuwa likivuja. Pale tulikuwa tukipura. Sikulia. Wifi ndiye niliyemwona akijifuta uso kwa kanga, nikasema moyoni, tazama, anajua mwenyekiti anamtazama.

Katikati ya shamba kuna kichuguu kikubwa, cha miaka. Hakuna mtu aliyewahi kukivunja, tulikuwa tunapanda maboga juu yake. Mzee aliletwa, akawekwa kwenye kiti cha plastiki chini ya kile kichuguu, akaapishwa.

Mwenyekiti akamuuliza nani alifungua shamba hili. Kwa upande wangu nilikuwa nimesema ni mume wangu na mimi. Wifi alisema ni baba yake.

"Mama," mzee akasema.

"Mama yupi?"

"Mama wa huyu." Akamwonyesha wifi kwa fimbo. "Mama mkwe wa huyu." Akanionyesha mimi. "Mume wa huyo mama alikuwa mtu wa kuvua, huku bondeni alikuja kutafuta kambale tu. Yule mama ndiye aliyeniita nikamkatia matete. Akaniambia nianzie mlimani mpaka kwenye kichuguu, hicho cha binti yangu. Nikamaliza. Akaniambia sasa kutoka kwenye kichuguu mpaka mtoni, hicho cha mkwe wangu, anaingia mwezi ujao, mwali asikute matete."

Wakili akamuuliza ana hakika gani baada ya miaka yote hiyo.

"Kwa sababu cha mkwe kilikuwa na nyoka," mzee akasema. "Cha mkwe nilidai nyongeza."

Hapo nikaelewa jambo ambalo sikuwahi kuliwazia. Kwetu mwali akiingia, mama mkwe humpeleka shambani mara moja tu, humpa jembe, humwonyesha mahali. Alinipeleka upande wa mtoni. Akapiga jembe moja chini akasema, "Anzia hapa." Pa kuanzia alinionyesha. Pa kuishia hakunionyesha, na mwali hamuulizi mama mkwe nikome wapi, utaonekana mvivu. Nililima nikafika kwenye kichuguu. Wifi wakati huo ameshaolewa huko Sanje, upande wa pili hauna mtu, mama mkwe amezeeka hafiki tena. Nikakizunguka kichuguu nikaendelea. Na wifi yeye alikuwa ameonyeshwa pa kuanzia kule mlimani, "Anzia hapa" ile ile, mama mmoja, jembe moja. Kwake shamba lilikuwa linaanzia kule na kwisha mtoni.

Nilimtazama. Naye alikuwa ananitazama. Nilidhani tutasema kitu.

"Amemnunua," wifi akamnong'oneza wakili wake, kwa sauti ya mtu asiyesikia vizuri.

"Nimemnunua anipe nusu?" nikamjibu. "Ningenunua mzee, ningenunua mzima!"

"Kimya," mwenyekiti akasema.

Lakini njiani kurudi nilianza kuwaza. Kama mimi sikumnunua, na wifi hakumnunua, labda kamnunua yule mwenye viatu vya kung'aa. Kipande kidogo ni rahisi kukinunua kuliko kikubwa. Niliwaza hivyo mpaka nikafika nyumbani. Na sijui hata leo kama mzee alisema kweli yote, ingawa lile la nyoka nalijua, niliwakuta.

Hukumu ilikuja kabla mvua haijakaza. Safari hii maoni ya wazee wa baraza yalisomwa mbele yetu, neno kwa neno, na mwenyekiti akatuuliza tumesikia? Tukasema tumesikia. Akatuuliza tena. Nadhani aliogopa kurudishiwa. Kisha akasoma: kutoka kwenye kichuguu kwenda mlimani ni cha wifi, kutoka kwenye kichuguu kwenda mtoni ni changu, zuio limeondolewa, kila mtu abebe gharama zake. Asiyeridhika ana haki ya kukata rufaa.

Mjukuu wangu akanikumbatia pale nje. "Bibi, imeisha!"

"Imeisha haraka mno," nikamwambia. "Kitu kikiisha hivi, kuna kilichobaki."

Kilichobaki kilikuwa ni ile rufaa. Wifi akikata, zuio linarudi, matete yanarudi, na safari hiyo mimi sitayangoja. Nikaona dawa ni moja: niingie shambani mapema, nipande, akikata rufaa akute mpunga umesimama. Nikaita vijana wafyeke, nikaita pawatila ije kulima, nikahamia kibandani kama tunavyohama wote msimu wa kilimo. Asubuhi ya pili nasikia panga linalia upande wa pili wa kichuguu. Wifi naye kahamia, na wanawe, na wajukuu.

Basi tukaishi hivyo. Nikiamka kabla ya kunawa uso, nilikuwa nazunguka kichuguu kuchungulia kama yupo. Akiwa anamwaga mbegu, moyo unatulia: mtu anayemwaga mbegu zake hana mpango wa kwenda mahakamani. Akipalilia, natulia zaidi. Akiondoka kwenda mjini silali. Na yeye alikuwa ananifanyia yale yale. Siku moja nilikwenda kliniki ya presha, narudi namkuta amesimama mpakani mikono kiunoni.

"Ulikwenda wapi?"

"Hospitali."

"Umepata karatasi?"

"Ya dawa."

"Nionyeshe."

Nikamwonyesha. Akaisoma juu chini, akanirudishia. "Ugua pole," akasema, akarudi kwenye palizi yake.

Muda wa rufaa ukapita. Mjukuu akanipigia simu kunipongeza. Nikamuuliza, hawezi kuongezewa siku? Akasema anaweza kuomba, akiwa na sababu. Nikamwambia wifi yangu nimemjua tangu nikiwa mwali, sijawahi kumwona amekosa sababu.

Mpunga ulipendeza mwaka ule. Ardhi ilikuwa imelala muda mrefu, ikautoa mpunga kama ilikuwa imeukumbuka. Ukabeba, ukainama, ukaanza kujaa maziwa. Huo ndio wakati wa kuamia ndege wasile mpunga, mtu haondoki kwenye dungu, kichanja chake cha kulindia. Wanawe wifi walikuwa wamerudi makazini, wajukuu shuleni, amebaki peke yake kwake na mimi peke yangu kwangu, kila mmoja juu ya dungu lake na makopo yake na kombeo lake.

Asubuhi moja nikazunguka kichuguu, dungu lake tupu. Nikaita. Kimya. Nikaenda kibandani, kufuli. Mtu haachi mpunga wa maziwa akafunga kufuli kwa jambo dogo. Nilijua. Nikavaa kanga, nikatembea mpaka barabarani, nikasimamisha bajaji, nikaenda moja kwa moja barazani.

Alikuwa amekaa kwenye lile benchi.

"Umefuata nini hapa?" nikamuuliza, hata shikamoo sikutoa.

"Wewe umefuata nini?"

"Nimekufuata wewe!"

"Mimi nimekufuata wewe. Jana jioni nilikuita kichuguuni hukuitika."

"Nilikuwa naoga."

"Mpaka giza?"

Karani akatoa kichwa dirishani, yule yule wa mkono uliochoka. Akatutazama kwa hofu. "Mama zangu, nani kati yenu anakata rufaa?"

Wifi ananitazama mimi, mimi namtazama yeye.

"Hakuna," wifi akasema mwishowe. "Kama yeye hakati, mimi sikati."

"Na mimi kama yeye hakati."

"Sasa kwenye mpunga wenu yuko nani?" karani akauliza.

Wifi akainuka kabla yangu, kwa ile miguu yake. Tulipanda bajaji moja, na safari hii hatukutazama pembeni, tulikuwa tunatazama mbele wote, tunamsukuma dereva kwa maneno. Tuliposhuka barabarani tuliliona kwa mbali: wingu la ndege, kweleakwelea, linapanda, linageuka, linashuka.

Nilipanda dungu langu, yeye lake. Nikapiga kopo, ndege wote wakainuka kwangu wakatua kwake. Akapiga, wakarudi kwangu. Nikapiga tena, wakaenda kwake. Wale ndege walikuwa hawana habari na hukumu.

"Wifi!" nikaita. "Hivi tunawalisha! Tupige pamoja!"

"Nikipiga, na wewe usipopiga?"

"Nitapiga!"

"Anza wewe!"

"Pamoja, wifi, inua mkono nikuone!"

Nikainua kopo na fimbo. Upande wa pili wa kichuguu nikaona mkono wake unapanda polepole, unasimama hewani, unangoja wangu ushuke. Wangu nao ulikuwa unangoja wake. Chini yetu ndege wanakula, unasikia kabisa wanavyokula, kama mvua ndogo kwenye majani.

Nikapiga.